Kijana wa kumfuatilia: Victoria Mboko

Ndugu, umeuliza nani wa kumtazama kati ya chipukizi wa tenisi, na kama farasi wadogo wa mbio nao hutabirika. Kwa tenisi sisiti: Victoria Mboko wa Kanada, mzaliwa wa 2006, binti wa wazazi waliotoka Kongo. Mwaka 2025 aliingia mashindano ya Montreal kwa kadi ya mwaliko, akiwa na miaka 18 na nje ya 80 bora duniani, akaondoka na kombe. Aliwatoa Kenin, Gauff, Rybakina, kisha Osaka kwenye fainali, wote wakiwa wameshawahi kutwaa Grand Slam, yaani moja ya mashindano manne makubwa zaidi ya tenisi. Na si kwa bahati. Dhidi ya Rybakina alipoteza seti ya kwanza 6-1, akaanguka akaumia kifundo cha mkono, akaokoa pointi ya mechi, ile ambayo ingempa mpinzani ushindi, bado akashinda. Fainali nayo alianza nyuma, 6-2, kisha akageuza kibao. Utulivu ule kwa umri ule umenigusa kuliko nguvu ya mipira yake.

Farasi ni wagumu zaidi, maana Derby ya Epsom, mbio kubwa ya farasi Uingereza, ni ya wenye miaka mitatu tu, hakuna kurudia mwakani. Farasi City of Troy alitamba 2023 akiwa na miaka miwili, akavurunda kwenye 2000 Guineas, mbio nyingine kubwa ya Uingereza, Mei 2024, watu wakamfuta. Mwezi mmoja baadaye akashinda Derby. Kwa hiyo usimhukumu farasi mdogo kwa mbio moja mbaya.