Unataka kupanda cheo kwenye reli? Usikimbilie meza

Vijana wanaoanza kazi reli wananiuliza sana wafanyeje wapande haraka. Mimi nimepita dirisha la tiketi, mizigo, mpaka ofisi ya ratiba, na ninachowaambia ni kwamba kaeni chini kwanza muijue kazi, halafu nawapa habari za Sergei Witte, mtu wa reli wa Urusi aliyekuja kuwa waziri.

Huyu bwana kazaliwa Tiflis (leo Tbilisi, Georgia) mwaka 1849, kasoma hesabu chuo kikuu cha Odessa, na digrii yake angeweza kutafuta ofisi nzuri akakaa. Yeye akaingia reli ya Odessa wakamzungusha kila kona, kauza tiketi, kakaa mizigo, kafanya kazi stesheni, yaani akajua treni inachelewea wapi na hela inavujia wapi. Ndo maana baadae aliweza kuandika kitabu kizima kuhusu viwango vya malipo ya kusafirisha mizigo kwa reli.

Lakini cheo kina mzigo jamani. Mwaka 1875 kule Tiligul, karibu na Odessa, mafundi waling'oa reli waitengeneze, hawakuweka alama ya hatari, treni iliyobeba askari wapya ikaja ikatumbukia, watu wengi wakafa. Witte hakuwepo pale ila alikuwa msimamizi, akahukumiwa kifungo. Kwa hiyo ukipewa usimamizi, usikae ofisini, toka utembee njia. Mimi nilikuwa natembea na magenge ya njia, naongea na walinzi wa treni, nauliza nani anaweka bendera na nani anahakikisha imewekwa, na mambo mengi niliyoyasikia hayakuwepo kwenye ripoti yoyote.

Sasa hapa ndo pakubwa. 1888 Witte yuko Kiev, meneja wa reli za Kusini Magharibi, treni ya Tsar, yaani mfalme wa Urusi, Alexander III inapita kwenye njia yake, mabehewa mazito kupita kiasi, vichwa viwili vya treni ya mizigo vinaivuta kwa mwendo wa treni ya abiria. Akasema hapana, njia yetu ina reli nyepesi, mataruma (yale magogo yanayolazwa chini ya reli) ya mbao, chini ni mchanga, vichwa vile vikiyumba kwa spidi hiyo vinaweza kuisukuma reli ikatoka mahali pake. Akaongeza muda wa safari, na Tsar akakasirika kweli. Haikupita muda mrefu, Oktoba mwaka huohuo, treni hiyohiyo ikaanguka Borki kwenye reli ya watu wengine, zaidi ya watu 20 wakafa, Tsar na familia yake wakapona.

Tsar akamkumbuka aliyemkatalia. 1889 akamwita serikalini kusimamia idara ya reli wizara ya fedha, mshahara mdogo kuliko wa kampuni, Tsar akamwongezea toka mfukoni mwake. Februari 1892 akawa waziri wa uchukuzi, Agosti akahamia fedha, na huko ndo akaisukuma sana reli ya Siberia.

Angalia alivyokataa: uzito, spidi, aina ya reli. Mimi nimewahi kuzuia treni ya mizigo, mkubwa akanuna, nikamwekea mezani uzito wa mabehewa na hali ya mataruma kipande kile, akasaini mwendo upunguzwe. Ningesema tu naogopa asingenisikiliza.

Kwa hiyo we uliyepangiwa stesheni ya mbali na zamu za usiku, nenda, beba daftari, andika kila treni imechelewa kwa nini, kipande gani madereva wanakilalamikia, na uandike tarehe.