Filamu ya shamba la babu: itachosha?

Dada, umeuliza kama filamu ya shamba la mikarafuu la marehemu babu yako kule Pemba, bila msimulizi, itachosha watu. Wengine itawachosha, waache waende zao.

Urefu wa picha si tatizo. Tatizo ni picha isiyo na cha kusubiriwa. Mwaka 2001 Tacita Dean, msanii wa Uingereza, alielekeza kamera ya milimita 16 kwenye jua likizama Morombe, Madagaska, akiuvizia mmweko wa kijani unaoonekana kwa nukta tu jua linapomalizia kuzama. Filamu nzima haifiki dakika tatu, na mtazamaji hukodoa macho mpaka mwisho.

Kwako cha kusubiri kipo: karafuu zilizoanikwa jamvini zikigeuka rangi siku hadi siku. Weka simu kwenye kigoda, pembe ileile, saa ileile, na ufunge kipimo cha mwanga cha kamera kisijirekebishe chenyewe. Sauti irekodi kando, usiku watu wakichambua karafuu na makonyo, yaani vijiti vyake. Aliyekulia Pemba akisikia mlio ule hahitaji kuelezwa yuko wapi. Muziki wa kinanda wa kupakua mtandaoni, tafadhali, achana nao. Na kama bibi yupo, anza kwake: muulize mikarafuu ipi babu aliipanda mwenyewe.