Mmeniuliza kuhusu Jennifer Hudson, haya tuongee

Tangu nimtaje Jennifer Hudson, yule mwimbaji na mwigizaji wa Marekani, meseji hazikatiki, nimechukua chache tu.

*Ni kweli alitolewa kwenye mashindano ya kuimba halafu akapata Oscar? – msomaji wa Arua*

Kweli kabisa. American Idol ya 2004 aliishia nafasi ya 7, mshindi akawa Fantasia Barrino. Kabla ya hapo alikuwa anaimba kwenye meli ya watalii ya Disney, kazi ya mshahara tu. Sasa filamu ya Dreamgirls ilipotafuta mtu wa kucheza Effie walijaribiwa mamia, Fantasia mwenyewe akiwemo, na aliyechukuliwa ni huyu wa namba 7, filamu ikatoka 2006, Februari 2007 akaitwa kuchukua Oscar ya mwigizaji bora msaidizi wa kike, na ndo filamu yake ya kwanza banange! Humo humo yumo Beyoncé.

*Lakini si aliimba tu? Kuigiza kuko wapi? – wa Katwe*

Hapo kaka nakukatalia. Effie ndo sauti kubwa ya kundi la wasichana watatu, meneja anamrudisha nyuma anamweka mbele mwembamba mwenye sauti laini inayouzika, halafu huyo meneja ndo mpenzi wake, naye anahamia kwa huyo huyo. Kwa hiyo akisimama kuimba kwamba haondoki sio shoo ile, ni mtu anang'ang'ania asiachwe, mwangalie mikono. Mimi niliiona kwenye kibanda cha video, VJ, yule anayetafsiri filamu papo hapo, anatafsiri Kiganda hapumui kama kawaida yao, wimbo ulipofika akanyamaza mpaka mwisho. VJ kunyamaza!

*Amewahi kucheza Mwafrika?*

Ndio, Winnie Mandela, filamu ya 2011. Waigizaji wa Afrika Kusini walilalamika mbona nafasi kapewa Mmarekani, na mimi nawaelewa. Alipofaa kweli ni kwa mwimbaji Aretha Franklin kwenye filamu ya Respect ya 2021, na Aretha mwenyewe ndo alimchagua kabla hajafariki.

*EGOT ndo nini, kila mtu anaandika EGOT? – dada wa Busia*

Ni tuzo nne kubwa za Marekani: Emmy ya televisheni, Grammy ya muziki, Oscar ya filamu, Tony ya jukwaa. Alizikamilisha 2022. Ila dada, Emmy na Tony alizipata kama prodyusa, sio kwa kuimba wala kuigiza, hilo mashabiki huwa wanaliruka.

*Na kwetu Uganda yupo mwimbaji wa hivyo, anayeigiza pia?*

Yupo, Juliana Kanyomozi, yule wa wimbo wa Usiende Mbali na Bushoke wa Tanzania. 2008 alicheza filamu ya Kiwani. Wala sikushangaa maana kasoma shule ya Namasagali, na waliopita kule enzi zile wanajua jukwaa lilivyokuwa, dansi na michezo ya kuigiza karibu sawa na hesabu. Tatizo filamu zilikuwa chache, sauti ikamrudisha studio. Mwenye nakala safi ya Kiwani aniambie, yangu inakwama katikati.