Maswali ya Wasomaji: Kuingia Jeshini na Kubaki

SWALI: Kijana wangu wa pili amemaliza kidato cha nne. Tangu mwezi uliopita anaamka saa kumi na moja alfajiri, anakimbia kutoka hapa Ngaramtoni hadi Sakina na kurudi, akiwa amevaa mabuti ya marehemu mjomba wake yaliyomzidi namba moja, na ndani yake soksi pea mbili. Anataka kujiunga na JKT, yaani Jeshi la Kujenga Taifa, kwa kujitolea, na baadaye jeshi likimpokea aendelee huko. Baba yake anasema vijana wa siku hizi wanakimbilia jeshi kwa njaa, na anayekwenda kwa njaa hakai. Nimesikia redioni kwamba nje kuna wataalamu wanaochunguza kwa nini watu huingia jeshini na kwa nini hutoka. Wamegundua nini? Na baba yake anasema kweli?
Mama wa watoto wanne, Ngaramtoni, Arusha

JIBU: Mama, wataalamu hao wapo, na wengi wao wako Marekani. Mwaka 1973 nchi hiyo iliacha kuwaingiza vijana jeshini kwa lazima, na tangu hapo kila askari wake ni mtu aliyeombwa akakubali. Miaka 3 kabla ya hapo, tume iliyoongozwa na Thomas Gates, ambayo mchumi Milton Friedman alikuwa mmoja wa wajumbe wake, ilimweleza Rais Nixon kwamba jeshi la hiari linawezekana, ila mshahara wa askari mpya lazima upandishwe. Jeshi likajikuta linagombea vijana wale wale wanaotakiwa na viwanda na vyuo, na likalazimika kujua kwa hesabu, si kwa kukisia, ni nini kinachomleta mtu na ni nini kinachomfanya akae. Sehemu kubwa ya kazi hiyo imefanywa na taasisi ya utafiti iitwayo RAND, iliyoko California.

Nianze na hoja ya baba yake kuhusu fedha. Mwanzoni mwa miaka ya 1980 watafiti hao waliigawa nchi katika maeneo: katika baadhi ya maeneo, kijana mwenye sifa nzuri aliyekubali kazi zilizokosa watu aliahidiwa dola 5,000, na katika mengine dola 8,000. Penye fedha nyingi zaidi walikuja wengi zaidi, lakini ongezeko lenyewe halikuwa kubwa. Nguvu ya fedha ilionekana zaidi mahali pengine: vijana ambao wangekuja kwa vyovyote vile walikubali kazi zilizokuwa zikikimbiwa na mikataba iliyokuwa mirefu zaidi. Kwa hiyo baba yake hajakosea anaposema kwamba fedha huvuta. Ninachokataa ni ile nusu ya pili ya kauli yake, kwamba aliyevutwa na fedha hakai, kwa sababu kuingia ni swali moja na kubaki ni jingine, na jibu la swali la kwanza halilijibu la pili.

Katika kubaki, matokeo yaliyorudiwa miaka mingi ni haya. Kati ya Wamarekani wanaoandikishwa, karibu theluthi moja huondoka kabla mkataba wa kwanza haujaisha: wapo wanaoumia mazoezini, wapo waliokuja na ugonjwa wasiousema, wapo wanaoshindwa mafunzo, na wapo wanaoshindwa nidhamu. Kitu kinachotabiri vizuri kuliko vingi nani atamaliza ni cheti cha kumaliza shule. Walio nacho, takriban 8 kati ya 10 hufikisha miaka 3. Walioacha shule njiani, ni kama nusu tu. Naomba uliangalie hili kwa makini, mama, kwa sababu halihusu akili peke yake. Wapo walioacha shule kisha wakafanya mtihani wa kujiendeleza na kuufaulu, na bado huondoka jeshini kwa kiwango kinachokaribiana na cha wale walioacha shule moja kwa moja. Watafiti wengi wanakisoma cheti hicho kama alama ya mtu aliyekwisha kuzoea kuvumilia ratiba asiyoipanga yeye na amri za watu asiowachagua, hadi mwisho. Kijana wako amekaa miaka minne ya sekondari bila kuikatiza, naye anaamka mwenyewe gizani. Mimi ningeyatilia uzito mambo hayo mawili kuliko umaskini wa nyumbani.

Hata hivyo, takwimu za Marekani zisihamishwe kwetu zikiwa nzima. Wao wanatafuta watu: mwaka 2022 jeshi lao la nchi kavu lilipungukiwa askari wapya wapatao 15,000 katika lengo la 60,000, na makadirio ya mwaka 2020 yalionyesha kwamba asilimia 77 ya vijana wa umri wa miaka 17 hadi 24 wasingepokelewa bila kulegezewa masharti, kwa sababu ya unene, dawa za kulevya, afya ya mwili au ya akili. Kwetu foleni ni ndefu kuliko nafasi. Nami naona kwamba penye foleni ndefu swali la nani atakaa husahaulika mapema, maana anayeondoka huwa na mtu nyuma yake.

Tena JKT si ajira. Mkataba wa kujitolea ni wa miaka 2, na lenyewe hutangaza kila mara kwamba halimwahidi kijana kazi baada ya hapo. Hakikisha analijua hilo kabla hajaondoka nyumbani. Mwaka 1973 mtafiti John Wanous aliwaonyesha wasichana waliokuwa wakiomba kazi ya kuunganisha simu filamu za aina mbili: kundi moja liliona mazuri matupu, jingine likaona pia kwamba kazi inachosha na kwamba msimamizi yuko mgongoni siku nzima. Walioonyeshwa ukweli hawakuikataa kazi kwa wingi. Walichofanya ni kupunguza matarajio, na baadaye hawakufikiria sana kuacha. Kambi ya Oljoro haiko mbali nanyi. Mtafutie kijana aliyerudi kutoka JKT bila kupata ajira, wakae naye jioni moja, amsimulie habari za kwata, jembe, zamu za ulinzi usiku na siku ya kurudi nyumbani na begi. Akitoka hapo bado anaamka saa kumi na moja, mnunulieni mabuti ya saizi yake.

SWALI: Mimi ni askari mstaafu. Nilikwenda vita vya Kagera mwaka 1978 bila kuuliza posho. Haya mahesabu ya fedha hayadhalilishi uzalendo?
Mzee wa Kiboriloni, Moshi

JIBU: Shikamoo mzee, na asante kwa ulichotufanyia. Uzalendo ulijaza makambi mwaka ule, na hakuna mtafiti mwenye akili timamu anayeukana. Lakini wewe mwenyewe utakumbuka asubuhi ya tarehe 20 Januari 1964, askari wa Tanganyika Rifles walipoasi katika kambi ya Colito, Dar es Salaam: walidai mishahara bora na maofisa Waafrika badala ya Waingereza. Hawakuwa watu wasioipenda nchi yao. Walikuwa na jambo la haki lililokosa pa kusemewa, na jeshi jipya la wananchi, JWTZ, lililoundwa Septemba mwaka huo huo lilijengwa upya kutoka chini.

Wanaohesabu fedha wanauliza jambo la heshima: tumemtendeaje aliyekwisha kuja? Chukua pensheni. Kwa miongo mingi Mmarekani aliyetumikia miaka 20 alipata pensheni, na aliyeondoka kwa hiari mwaka wa 19 hakupata kitu. Mwaka 1984 Glenn Gotz na John McCall walitengeneza hesabu ya kufuatilia uamuzi wa ofisa wa jeshi la anga mwaka hadi mwaka, ikionyesha kwamba mtu wa mwaka wa 12 haangalii mshahara wa mwezi ule tu, anapima pia kilichoko mbele. Chini ya utaratibu huo wa miaka 20, wengi sana wa walioingia jeshini, karibu 8 kati ya 10, waliondoka bila pensheni. Tangu Januari 2018 utaratibu umebadilishwa, na hata anayeondoka mapema huweza kuwa na akiba ya kuchukua. Sioni udhalilishaji hapo.

SWALI: Nasoma shahada ya uzamili hapa Moshi. Nachunguza kwa nini walinzi wa kampuni moja ya ulinzi, wengi wao waliopitia JKT, hawadumu kazini. Nimewahoji walinzi 60. 52 wanasema wameridhika. Mbona kampuni inaendelea kupoteza watu?
Mwanafunzi, Soweto, Moshi

JIBU: Kwa sababu umewahoji waliobaki. Walioudhika ulishawakosa kabla hujachapa dodoso, na aliye langoni kwa mwajiri, msimamizi akiwa hatua tano kutoka hapo, hatakwambia kwamba anatafuta kazi nyingine. Watafiti wa majeshi huanzia upande wa pili: huchukua wote walioandikishwa mwezi mmoja, wakahesabu wangapi wamesalia baada ya miezi 3, 6, 12 na 24, kisha wakauliza walioondoka kila hatua wanatofautiana vipi na waliosalia. Anayeondoka wiki ya tatu huwa na sababu yake, na anayeondoka mwaka wa pili ana nyingine; ukiwachanganya katika wastani mmoja, zote mbili zinapotea.

Iombe kampuni leja ya ajira ya mwaka juzi. Andika kwa kila jina tarehe ya kuingia, tarehe ya kutoka, lindo la usiku au la mchana, na umbali kutoka lindo hadi anakolala, kwa kuwa nauli ya Himo na ya Majengo si moja. Halafu wafuate walioondoka, kwa ridhaa yao na bila kuandika majina yao katika ripoti. Utawakuta vijiwe vya bodaboda, soko la Mbuyuni, na malangoni kwa kampuni nyingine. Usiwaulize kwanza kwa nini waliacha. Waombe wakusimulie siku ya mwisho walivyorudisha sare, nani aliipokea, na walilipwa lini.