Nimeishinda kaunti kortini, mbona gavana hafungwi?

SWALI: Wakili, niliuzia kaunti yetu vitanda vya zahanati, wakakaa na pesa zangu. Nilishtaki, na tangu Machi nina hukumu ya shilingi milioni 3.2. Kuna jamaa hapa nje ya korti anasema nikimpa 15,000 ataandika ombi gavana afungwe kwa kudharau mahakama, na pesa zitatoka wiki hiyo hiyo. Nimpe?

JIBU: Usimpe hata mia. Karatasi za watu kama huyo naletewa kila mara nizitengeneze, na nyingi bado zinataja Sheria ya Kudharau Mahakama ya 2016, ambayo Mahakama Kuu ya Kenya iliibatilisha Novemba 2018. Anakuuzia maiti.

Kinachonichosha zaidi ni watu kudhani hukumu ya pesa ni amri. Hukumu yako inasema kaunti inadaiwa, basi. Haijamwambia fulani, kwa cheo chake, “lipa”, kwa hiyo mpaka sasa hakuna aliyekaidi kitu. Deni la serikali lina njia yake katika kifungu cha 21 cha Sheria ya Kesi za Serikali, Sura ya 40. Siku 21 zikipita tangu hukumu, unaiomba korti cheti cha amri, yaani karatasi inayothibitisha kiasi unachodai, unaipelekea kaunti. Wakinyamaza, unarudi Mahakama Kuu kuomba mandamus, yaani amri ya kumlazimisha afisa anayesimamia matumizi atimize wajibu wake. Huyo kwa kawaida si gavana. Ni afisa aliyeteuliwa rasmi, na ni juu yako kumjua ni nani. Akiikalia amri hiyo, hapo ndipo dharau inapoanza.

Hata hapo jaji atauliza: amri ilikuwa wazi? Aliijua? Alikaidi makusudi? Na ushahidi utapimwa kwa ukali kuliko kesi ya kawaida ya madai, kwa kuwa uhuru wa mtu umo hatarini. Nimeona ombi likitupwa kwa sababu kiapo cha mpeleka hati kilisema tu “nilimwachia bawabu getini”. Hakuna jina la bawabu, hakuna saa, hakuna muhuri wa mapokezi. Miezi minane ya mteja ikaishia hapo.

Najua watakutajia Gilbert Masengeli, aliyekuwa kaimu Inspekta Jenerali wa Polisi. Ni kweli, Septemba 2024 Jaji Lawrence Mugambi alimhukumu kifungo cha miezi sita kwa kudharau mahakama. Lakini yeye aliitwa mwenyewe, mara kadhaa, asitokee, na kifungo kilisimamishwa siku saba ili ajirekebishe. Alipofika mahakamani, kifungo kikaondolewa. Korti ilitaka atii, na wanaouza vifungo mitaani sehemu hiyo huiruka, wawe wanakuuzia kesi ya shamba, ya mshahara au ya zabuni.

Muulize jamaa wako jina lake kamili na nambari yake ya uwakili, umtafute kwenye orodha ya Chama cha Mawakili. Wengi wakiulizwa hivyo hukumbuka ghafla kuna simu wanapaswa kupiga.