Kuvu ya Hadithini na Kuvu ya Kichuguuni

Swali: Mhariri, nimesoma hadithi ya kubuni kuhusu kuvu ya sayari nyingine inayolisha jamii nzima ya viumbe. Je, duniani lipo jambo kama hilo?

Jibu: Lipo, tena huenda liko nyuma ya nyumba yako. Mchwa wa jenasi ya Macrotermes hutafuna nyasi kavu na miti, kisha kwa kinyesi chao hujenga masega ambamo huota kuvu ya Termitomyces, ambayo huyalainisha masega hayo hata yakawa chakula cha kichuguu kizima. Kuvu nayo hutegemea mchwa kuitunzia unyevu na joto la nyuzi 30 hivi za Selsiasi. Binafsi nashindwa kuamua nani kamfuga mwenzake. Ule uyoga mtamu unaochipuka kichuguuni wakati wa mvua ni zao la kuvu hiyohiyo.