Shangazi, nilimaliza pipi za marehemu baba peke yangu

*Shikamoo Shangazi. Kabla hajafariki, baba alipika pipi saba za kumbukumbu, akanikabidhi chupa niitunze kwa kuwa mimi ndiye mkubwa. Alisema ni zetu sote wawili. Mdogo wangu alikuwa bado ananyonya, hamkumbuki baba hata kidogo. Kila nilipozidiwa na majonzi nilimumunya moja, na sasa imebaki moja tu, nayo imeanza kunata. Juzi mdogo wangu kaniuliza, "Dada, baba alikuwaje?" Nikajifungia chumbani kulia. Nimpe hiyo moja kimyakimya, au nipike nyingine kutokana na kumbukumbu zangu nijaze chupa asijue? – Dada Mkubwa*

Marahaba, mwanangu. Pole sana.

Nianze na hilo la kujaza chupa, maana ndilo lililonitia hofu. Usifanye. Wajua jiko hili lilivyo: kumbukumbu ikishaingia kwenye shira, kichwani inatoka. Ukipika sita zako kufidia zile sita, utabaki dada asiyemkumbuka baba yake, na mdogo wako atakuwa na chupa iliyojaa lakini hana wa kumuuliza lolote. Tena atagundua upesi. Atatia pipi mdomoni, ajikute ni msichana mdogo amebebwa mabegani, anamtazama baba kwa juu, ajue papo hapo kwamba aliyepika si baba.

Kuhusu zile sita ulizokula, kosa lipo na silipunguzi. Zilikuwa za watu wawili. Lakini ulikuwa mtoto mfiwa uliyeachiwa kulinda kitu ulichokililia kila usiku, na hilo lingemshinda hata mtu mzima. Mwambie ukweli, na umwambie kabla hajala ya mwisho. Akiujua baadaye ataona ulimpa pipi ili umfumbe mdomo. Huenda akanuna, asikusemeshe siku kadhaa. Mwache anune, ana haki.

Sasa sikiliza jambo ambalo naona bado hujaliwaza. Pipi zile alizipika baba, kwa hiyo ndani yake mna alichokiona yeye. Na mtu haoni uso wake, labda apite penye kioo. Hebu kumbuka zile sita: ulimwona baba? Nadhani uliona mikono yake, ukajiona wewe, ukamwona mama. Hata sauti yake uliisikia nzito kuliko ulivyoizoea, kwa sababu kila mtu hujisikia pia kupitia mifupa ya kichwa chake. Kijana anauliza baba alikuwaje, na pipi haitamjibu hilo. Huenda ikamwonyesha jinsi baba alivyomtazama yeye akiwa mchanga, nalo ni jambo kubwa ambalo hakuna mwingine awezaye kumpa. Ila uso wa baba, kicheko chake, alivyokaa akikasirika, alivyofunga mlango usiku, hayo yako kwako. Ukiyasema kwa mdomo hayakutoki.

Kwa hiyo mpe yote mawili, pipi na masimulizi. Anza kwa kuandika. Kumbukumbu za kichwani hazikai zilivyo; kila tunapozirudia tunazijenga upya, na vipande hubadilika bila sisi kujua. Chukua daftari, andika zile sita ulizoonja, moja moja, na pembeni andika uliyoyaona kwa macho yako mwenyewe. Usiyachanganye, kwa sababu siku moja atataka kujua lipi ni la baba na lipi ni la dada.

Usikawie. Pipi inanata kwa kuwa sukari hufyonza unyevu wa hewani. Iweke pakavu, kifuniko kikaze, na usithubutu kuirudisha motoni ili ikauke. Shira ya pipi ngumu huiva kwenye nyuzi 150 hivi. Ukiipitisha hapo sana inaungua na kuwa chungu, na sijui mtu aliyewahi kuokoa kumbukumbu iliyoungua. Akila, amumunye polepole, asitafune. Kama ana mafua mngoje apone kwanza, maana sehemu kubwa ya ladha huingia kwa pua, na pua ikiziba ataambulia utamu mtupu.

Hukumtaja mama katika barua yako. Kama yupo, mwite awepo mtakapozungumza. Alimjua baba kabla yako.

Na mdogo wako akisema hataki kuila, hata kwa miaka, usimsukume na wala usiimalizie wewe. Mkabidhi chupa aitunze mwenyewe. Niandikie mkishazungumza, hasa kama amekasirika kuliko ulivyotazamia.